Kuku wa Ghala la Mlimani

Ukipanda kutoka Morogoro mjini hadi kijijini kwetu, utalikuta ghala la bati kando ya njia, na utadhani ni ghala tu. Usijilaumu, hakuna kibao cha kukueleza. Ngoja nikueleze taratibu.

Kwetu Uluguru ardhi ni ya ukoo wa mama. Ushirika wa wakulima ulipotaka kujenga ghala hilo, ukoo wetu uliwapa mahali kwa maneno tu, na kila baada ya mavuno katibu wao alimletea kuku mjomba wangu, msimamizi wa ardhi yetu. Maana ya kuku yule ilikuwa moja: mimi nimekaribishwa, mwenye ardhi ni wewe. Hati hatukuwa nayo. Tulikuwa na kuku.

Lilipokuja soko huria ushirika ukafa, ghala likauzwa pamoja na eneo la nyuma, ambako mama alilima magimbi yaliyotulisha. Mnunuzi alikuja mwenyewe kutoka mjini.

Jioni mimi na mama tulimkuta mjomba amechangamka, majogoo wawili wamefungwa miguu mbele yake.

"Kaleta tajiri," alisema. "Ana adabu. Shikamoo yake tu imenitosha."

"Ukapokea?" mama akauliza.

"Nisipokee, nina wazimu? Akileta kuku si amekiri kuwa sisi ndio wenyewe? Dada, mila za kwenu umezisahau."

"Na hilo dole gumba lina wino wa nini?"

"Aa, wameandika tu kwamba nimepokea."

Mama akanipa nakala aliyoachiwa mjomba niisome, kwa kuwa mwalimu nilikuwa mimi. Ilisema msimamizi amepokea zawadi, na ukoo hauna dai lolote juu ya eneo lile. Mjomba aliniomba nirudie sehemu ya mwisho, polepole. Nikarudia.

Kwenye baraza la kata tulieleza maana ya kuku. Mwenyekiti alisikiliza kwa upole, akauliza imeandikwa wapi. Mjomba alijibu kwamba kila mtu anaijua. Mnunuzi alisema yeye hakuijua, na sidhani kama alidanganya.

Tulipewa wiki mbili tuondoke shambani. Magimbi yalikuwa bado machanga, lakini mama aliyang'oa yote. Tulipoyachemsha yalituwasha koo, tukala hivyo hivyo. Mjomba hakuja kula. Na tangu hapo hakuna mtu wa ukoo aliyempelekea tena shauri la shamba.