Mgiriki Niliyemharibia Kazi

Nilimharibia kazi Mgiriki mmoja ambaye hakunikosea chochote. Naanza na hilo kwa sababu dada yangu akisoma hapa ataniumbua, bora nijiumbue mwenyewe.

Dada anasoma chuo Lushoto mjini. Jumapili moja alikuja nyumbani Malindi, hii yetu ya milimani, si ile ya pwani, akamwonyesha mama kwenye simu filamu ya zamani sana, haina rangi wala sauti. Mchekeshaji wa Kigiriki, kofia imembana, anajaribu kukalia kiti na kiti hakimtaki. Basi, hakuna zaidi ya hapo. Mama alikuwa anamenya viazi. Akaweka kisu chini, akacheka mpaka kitenge kikamvuka bega. Tena alicheka kwa Kishambaa. Kwa Kiswahili mama hucheka kwa adabu, mkono mdomoni.

Mimi naangusha kidato cha tatu kizima kwa kicheko. Hata mwalimu wa hesabu hugeukia ubao tusimwone anavyocheka. Mama je? Nikitania, huniuliza kama nimeshakata majani ya ng'ombe. Leo mtu wa kwenye kioo, asiyesema hata neno moja, kicheko chote kapewa yeye.

Mama akataka kujua habari zake. Maelezo yalikuwa kwa Kiingereza, dada kaenda kuchota maji, kwa hiyo nikapewa simu nitafsiri. Yaliandikwa kwamba alianza jukwaani akiwa kijana, akaingia kwenye filamu wakati kwao watengenezaji ni wa kuhesabika, akawa anaigiza na kuongoza mwenyewe. Mimi nikatafsiri kwamba filamu zilipoanza kutoa sauti, alifungua mdomo ikatoka ya mbuzi. Nikaitoa hiyo sauti, na niliitoa vizuri. Watu wakatoka ukumbini, akafukuzwa kazi, akarudi kwao, mama yake akamfungia mlango. Sasa anauza kabichi.

Mama hakucheka tena. Aliuliza kama yule mama alimfungulia baadaye. Nikasema hapana, nikaenda kukata majani nimeridhika kabisa.

Kosa langu ni kwamba nilisahau kumuua. Jumatano mama alisimama mbele ya akina mama wa usharika wetu wa kanisa, kwenye sala ya jumuiya, akaomba wamwombee kijana wa Kigiriki apatane na mama yake. Wakaomba kwa kirefu. Jirani yetu mmoja akalia.

Jumamosi dada alirudi, na mama akamuuliza kama yule kijana ameshafunguliwa. Dada hakuelewa. Alipoeleweshwa, alifungua simu akasoma yote upya, taratibu, sentensi moja moja, huku akinitazama. Akasema mtu huyo alikufa kabla bibi yetu hajaolewa, na humo ndani hakuna mlango, hakuna mbuzi, hakuna kabichi. Watu walimpenda, akafanya kazi yake.

Nilikuwa nimesimama karibu na kizingiti, mguu mmoja nje. Mama alimenya kiazi alichokishika mpaka kikaisha, akakitia kwenye sufuria, ndipo akasema:

“Jumatano utakuja jumuiya, baba, uwaambie akina mama mwenyewe. Na ile sauti ya mbuzi usiwafanyie. Mimi siku ile nusura nicheke, nikaona aibu kumcheka mtu aliyefungiwa mlango na mama yake.”