Maneno Niliyomtungia Mke wa Mfilipino

Yule mwigizaji wa Kifilipino ananitia kinyaa hadi leo, ingawa kosa halikuwa lake. Katika filamu zake za kwanza alikuwa kijana maskini anayelilia mapenzi, na akina mama wa Ngungu, mji wetu mdogo, walilia pamoja naye. Miaka ikapita, akanenepa, wakaanza kumpa nafasi za mume mkorofi. Mimi nilizitafsiri zote katika ukumbi wetu wa video, kila Jumapili baada ya misa, kipaza sauti mkononi. Kifilipino sikijui hata neno moja. Nilitazama midomo, nikatunga.

Siku moja akampiga mkewe kofi. Mke akasema maneno machache, akafunga sanduku, akaondoka. Wanaume ukumbini wakanuna. Ulimi hauna mfupa: nikatangaza kwamba mke ameomba msamaha, anakwenda kwao kutafuta zawadi ya kumtuliza bwana. Wakashangilia, nami nikajiona bingwa. Mpumbavu mimi!

Mwezi uliofuata dada yangu alirudi nyumbani, jicho limevimba, akiapa hamtaki tena mumewe. Shemeji akaja na dumu la kasiksi, pombe yetu ya ndizi. Kwetu baba akishainywa, mke amerudishwa. Shemeji alikaa amekunja nne, bila haya hata kidogo.

"Papa," akamwambia baba, "hata mu filme ya ule Mufilipino, bwana alimupiga bibi, na bibi njo aliomba musamaha. Shemeji iko hapa, njo yeye alitufasiria."

Wote wakanigeukia.

"Iko kweli?" baba akauliza.

Ningeweza kusema ukweli. Lakini niliwaza Jumapili, ukumbi mtupu, watu wakinicheka njiani kwamba miaka yote niliwadanganya. Nikaitikia kwa kichwa. Baba akainua kikombe. Nami nikapewa changu, nikanywa, nikijichukia kila funda.

Nilimsindikiza dada mpaka mtoni, nimembebea furushi lake. Shemeji alitangulia akipiga mluzi. Nilitamani kumtapikia mgongoni. Dada akanishika mkono.

"Kaka, mimi pia nilikuwa mule ukumbini siku ile. Niliona ule bibi anafunga sanduku. Alisema vile, kweli?"

"Njo vile alisema," nikamjibu.

Akachukua furushi, akamfuata mumewe.