Mswidi wa Yaya Solange

Enzi zetu kule Anderlecht, Brussels, mwimbaji wa kumpenda hukumchagua mwenyewe, alikuchagulia mkubwa wako. Mimi dada yangu, yaya Solange, alinichagulia Mswidi mmoja wa kike.

Nilimchoka kabla sijajua Uswidi iko upande gani. Kila Jumamosi tulikuwa saluni kwa maman Béa, kwenye maduka ya Galerie d'Ixelles, mimi nasukwa kichwa kinawaka moto, yaya anasoma magazeti ya wateja kwa sauti. Ndivyo nilivyojua, nipende nisipende, kwamba Mswidi alikulia mji mdogo wenye kiwanda cha karatasi, kwamba alianzia kwaya ya kanisani, kwamba wimbo uliomtoa aliurekodi akiwa na mafua. Huenda nachanganya. Shule sikufika mbali, na yaya alipenda kutia chumvi. Lakini niseme haki: sauti alikuwa nayo. Nyembamba, kama ya mtu anayeimba huku anatafuta funguo zake, na ikishakuingia haitoki.

Yaya akaanza kuimba hivyohivyo kwenye kwaya yetu ya Koekelberg. Tonton Dieudonné, mwalimu wa kwaya, akasimamisha wimbo: "Bon, mupatie huyu mutoto maji, anachoka." Tulicheka mpaka machozi. Yaya hakubadilisha kitu.

Kisha Mswidi akaingia kwenye sinema. Tuliangalia moja ya Kiswidi tupu, yeye ni nesi mwenye hasira, na yaya akatutafsiria yote, wakati Kiswidi hajui hata salamu. Nikamuuliza anajuaje. "Angalia macho yake, donc."

Halafu gazeti likaandika kwamba Mswidi anaacha kuimba, abaki na uigizaji. Atazunguka mara ya mwisho, na Brussels atapita. Yaya alisuka vichwa vya watu likizo nzima mpaka akapata tiketi. Siku mbili kabla ya onyesho, simu ikalia kutoka nyumbani, Lubumbashi: mjomba wa baba amefariki. Sisi watoto hatukuwahi kumwona.

Wa rika langu mnajua. Kilio hakiulizi maiti iko wapi. Ukumbi ulikodishwa Jumamosi ileile ya onyesho, viti vikapangwa ukutani, picha ya marehemu mezani, sufuria za bukari, ugali wetu, na samaki jikoni. Yaya akamwomba mama yetu ruhusa ya jioni ile tu.

"Muntu amekufa, weye unawaza mambo ya muzungu?"

"Maman, huyu tonton sikumujuaka."

"Na ule Suédoise, Muswidi wako, unamujua?"

Nimelipima neno hili miaka yote. Maman alikuwa na haki: baba yetu alipofariki, watu haohao ndio waliojaza nyumba yetu. Yaya naye alikuwa na haki: vilio vingekuja vingine, Mswidi asingerudi. Naishia kuwakasirikia wote wawili.

Yaya alivaa kikwembe, kitenge cha kujifunga, akakaa. Tonton Dieudonné akamwambia aanzishe wimbo, naye akauanzisha kwa sauti ileile nyembamba. Safari hii hakuna aliyeomba maji. Wamama walilia hata wasiomjua marehemu. Mimi nilijua yaya anamlilia nani.

Na kweli Mswidi hakuimba tena. Sasa yuko kwenye televisheni, polisi mzee mwenye miwani. Binti yangu anazo nyimbo zake zote kwenye simu, anasikiliza kidogo, anaruka, anasema "ni polepole, maman." Polepole! Hajawahi kusubiri wimbo hata siku moja.

Na vilio vyenyewe sasa vinakuja kwa simu. Mwezi uliopita shangazi yetu alifariki Likasi. Vijana wakajiunga kila mtu chumbani kwake, kamera imezimwa, wanaomboleza huku wanakula chipsi. Labda nawaonea; kazi ni nyingi, na kumbi zimekuwa ghali. Nilikuwa nimekaa peke yangu na simu yangu mezani, kengele ikalia. Yaya Solange, kikwembe kiunoni, sufuria mkononi.

"Wengine wako wapi?" akauliza.

Nikamwonyesha simu. Akaitazama kidogo, akavuta kiti mpaka ukutani, akakaa.