Kubisha Hodi Ajanta

Safari hii niliipanga kwa hila, na sijutii hata chembe. Mama yangu anakaa Ghubra, hapa Maskati. Dada yake, ninayemwita Mamkubwa, anakaa Amerat, mtaa mwingine wa mji. Kwa miaka miwili walikuwa hawasemezani. Wakikutana harusini, kila mmoja aliniambia mimi maneno ya kumfikishia mwenziwe, kwa sauti ya kusikika ukumbi mzima. "Mwambie mamako ushungi umempinda." "Mwambie mwenzangu ushungi ni wangu."

Chanzo kilikuwa kifo cha Bibi, mama yao. Bibi alifariki wakati Mamkubwa yuko Unguja, na kabla ndege yake haijatua Maskati, maziko yalikuwa yameshapita. Alikuta kaburi bichi. Alimwambia Mama, "Hamkunisubiri," na baada ya hapo hakumwambia neno tena.

Bahati nzuri wote wawili wanaumwa magoti, na kwa watu wa Maskati goti bovu ni tiketi ya India. Nikamwambia Mama nitampeleka kwa daktari Mumbai. Nikamwambia na Mamkubwa maneno yayo hayo, kila mmoja kwa wakati wake. Kuhusu mapango ya Ajanta, yaliyo huko huko India, nilinyamaza. Mimi ni mwalimu wa kuchora, na mahekalu yale ya Kibuddha nimeyafundisha kwa picha za simu mpaka naona haya.

Asubuhi ya kuondoka, uwanja wa ndege. Mamkubwa ameshakabidhi sanduku lake, Mama huyo anaingia. Walitazamana, kisha wakanitazama mimi, na mimi nikatazama ubao wa safari.

"Mwambie mwenzangu," alisema Mama, "kama anataka kurudi nyumbani, mie simzuii."

"Mwambie mamako, mie magoti yangu hayajui kurudi nyuma."

Hakuna aliyekubali kuwa wa kwanza kukimbia, basi tukaruka sote watatu.

Mumbai, daktari aliwapima na kuwapa wote wawili dawa moja: wapunguze sambusa, watembee. Nikasema kwa upole kwamba najua pahali pazuri pa kutembea. Jioni tukapanda ndege ya Aurangabad.

Siku ya pili, njiani kwenda Ajanta, mashamba ya pamba kulia na kushoto, Mamkubwa akaanza kuingiwa na wasiwasi.

"Pango lolote lina wenyewe," alisema. "Hilo nani anakaa ndani?"

"Zamani walikaa watawa wa Kibuddha."

"Na sasa?"

"Popo."

Alisoma Ayatul Kursiy mpaka tukafika.

Ajanta ni jabali jeusi lililopinda kama kiatu cha farasi, mto chini yake, na mapango yamepangana kwenye ukingo wake. Ngazi zake si za magoti yale. Kuna viti vyenye miti miwili vinavyobebwa na wanaume wanne, na mabibi wangu wakapandishwa kama maharusi. Hakuna aliyetaka kuwa nyuma. "Mwambie mamako asiwahimize wabebaji, si punda wale," alipiga kelele Mamkubwa, huku akiwahimiza wake kwa Kihindi cha sinema.

Mwongozaji wetu, Prakash, alieleza kwa Kiingereza na mimi nikatafsiri. Kazi hii ilianza zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita, kwa nyundo na patasi. Mafundi walianzia juu: wakimaliza dari ndipo wanashuka kuchonga nguzo, na sakafu ya mwisho. Hawakuhitaji majukwaa, ila kosa moja halina kiraka. Kwenye kumbi za ibada walichonga hata boriti za mawe zisizobeba kitu, kwa kuwa nyumba walizozizoea zilikuwa za mbao. Pango la kwanza tuliingia miguu mitupu, jambo lililompendeza Mamkubwa. Kuta zake zilipakwa udongo uliochanganywa na makapi ya mpunga, kisha zikachorwa wafalme, wachezaji na tembo. Mwanamfalme mmoja ameshika ua, ameinamisha macho, na mimi niliyezoea kuwasahihisha watoto nikakosa la kusahihisha.

Mchana tulifika pango la malazi, ukumbi uliozungukwa na vijumba vya watawa, kila kimoja na kitanda cha jiwe na mto wa jiwe. Wabebaji wa Mama walitangulia. Mamkubwa alipofika kwenye kijumba chenye giza, akasimama mlangoni na kukohoa kidogo. Alitaka amani na wenyewe.

"Hodi!"

"Karibu!" ikajibu sauti kutoka gizani.

Mamkubwa alipiga ukelele uliotoa popo wote. Magoti yale mabovu yakamrudisha nyuma kwa kasi ambayo daktari angeifurahia. Kisha akatoka Mama, aliyekuwa amekaa kwenye kitanda cha mtawa akijipumzisha.

"Mwambie mamako," Mamkubwa alisema akihema, "sikumbishia yeye hodi!"

"Mwambie mwenzangu hodi haiachwi bila kujibiwa. Ningenyamaza ningekuwa mtu gani?"

Nilicheka mpaka nikashika ukuta, na Prakash akanikanya nisishike ukuta.

Kuelekea mwisho wa jabali ndipo tulipoingia pango la Buddha aliyelala. Amechongwa akifariki, mrefu wa kujaza ukuta, macho yamefumbwa, na chini yake wanafunzi wamejiinamia wakilia.

"Kalazwa ubavu wa kulia," Mamkubwa alinong'ona. "Kama sisi kaburini."

Prakash akasimulia kwamba mwanafunzi mmoja mkubwa alikuwa safarini. Walipotaka kuuchoma mwili, moto ulikataa kuwaka mpaka alipofika na kuinamia miguu ya mwalimu wake. Nilikuwa nimeshatafsiri kabla sijafikiri.

Mamkubwa akamgeukia Mama, si mimi.

"Huyo alisubiriwa."

"Nilikaa mlangoni, Dada," alisema Mama. "Niliwaambia jeneza halitoki mpaka uje. Wanaume wakasema maiti hacheleweshwi. Wakanishika mikono wakaniondosha."

"Hukunambia."

"Hukunipa nafasi."

Nilitegemea ugomvi, nikajiandaa. Mamkubwa akajishika kwenye nguzo.

"Uso wake ulikuwaje?"

Mama ndiye aliyemwosha Bibi. "Ulikunjuka," alisema. "Yale makunyanzi yote ya paji yaliondoka. Na mdomo ukabaki wazi kidogo, kama anataka kukosoa mchuzi wa mtu."

Mamkubwa alicheka, kisha akalia, na mimi nikalia zaidi yao. Prakash akadhani nalilia sanamu, akanipa kitambaa.

Siku za kurudi hakuna aliyenituma neno kwa mwenziwe, nikaona nimeachishwa kazi. Miaka yote ile nilidhani Mamkubwa anadai kuombwa radhi. Kumbe alitaka kusimuliwa, na msimulizi ndiye huyo huyo aliyemnunia.

Maskati, gari likitoka uwanja wa ndege, walikaa nyuma wote wawili wakinong'ona. Nilipokata kona ya Ghubra, Mama akaniuliza nakwenda wapi.

"Nyumbani, Mama."

"Pitiliza. Twende Amerat, sijamaliza."