Kaka Rama Alicheza Namba Ngapi?

Harufu ndiyo iliyonianza. Nilikuwa sebuleni kwa kaka yangu Rama, Riyadh, nikitafuta chaja ndani ya begi lake la mazoezi, mkono ukashika kitambaa chepesi chenye harufu ya jasho lililokauka, sabuni ya unga, na zile chembe nyeusi za mpira zinazomwagwa kwenye nyasi bandia. Nikakivuta. Kilikuwa kizibao cha rangi ya chungwa, kile wanachovalishwa wachezaji wa akiba juu ya fulana wakati wa mazoezi, kimefifia mpaka kinakaribia rangi ya chai ya maziwa. Nilikijua papo hapo. Nina miaka ishirini na tisa, ninafanya kazi kwenye ofisi yenye lifti sita pale Olaya, lakini nilipokinusa kizibao kile nilirudi kuwa mtoto wa miaka tisa mwenye hasira asizojua azipeleke wapi.

Siku hizo tuliishi Jeddah, mtaa wa Al-Baghdadiyah, kwenye jumba la zamani ambalo ngazi zake zilinuka vitunguu mchana kutwa. Baba alikuwa fundi wa viyoyozi, na kafili wake, yaani mwajiri aliyemdhamini, mzee mmoja mpole, alimruhusu kutuleta mimi, mama na Rama kutoka Mombasa. Uwanja wetu ulikuwa juu ya paa, katikati ya matangi ya maji na madishi ya televisheni. Magoli yetu yalikuwa galoni tupu za maji ya Zamzam, mpaka mama alipotukuta akatutoa mbio kwa kandambili. Baada ya hapo tulitumia ndoo.

Rama alinizidi miaka kumi lakini alicheza nami kana kwamba tunagombea kombe. Tena alikuwa na mchezo wake mmoja. Angefika na mpira mbele yako, aukanyage kwa wayo, kisha ageuze uso kule nyuma kama aliyeitwa na mtu. Nawe ungegeuka kumtafuta huyo mtu, na mpira ungekuwa umeshapita. Nilijua hakuna mtu kule, palikuwa na ukuta na kamba ya nguo za mama, na bado kila siku niligeuka. Hatimaye niliuiga mchezo ule mbele ya kioo cha kabati mpaka nikauweza.

Kisha Rama akaenda Riyadh kusoma uhandisi kwenye chuo kimoja. Timu ya mpira ya chuo ilikuwa imeshapangwa. Kulikuwa na orodha ya vijana walioitwa, wenye ufadhili na viatu vya kupewa, na jina lake halikuwamo. Alichokifanya ni kuvaa viatu vyake mwenyewe, akafunga kamba, akasimama nje ya mstari alasiri tatu mfululizo. Alasiri ya nne mchezaji mmoja aliugua jino. Kocha Munir, Mtunisia mwenye sauti ya kukwaruza, alihesabu watu wake, akaona pengo, akamwashiria Rama: "Yalla, wewe, ingia!" Wakamtupia kizibao cha rangi ya chungwa. Alipotupigia simu kutuambia, baba aliwatangazia mafundi wenzake wote kwamba mwanawe ni mchezaji wa chuo, nami nikaitangaza habari hiyo shuleni kwa sauti kubwa zaidi.

Hapo ndipo nilipoanza kuchanganyikiwa, na niseme ukweli, sikutoka humo kwa miaka mingi. Kila Rama aliporudi Jeddah, alirudi mtu mwingine. Mara ya kwanza alicheza kwa mguu wa kushoto tu, yeye ambaye tangu azaliwe mguu wake wa kushoto ulikuwa wa kusimamia. Sikukuu ya Idi akaja beki mkali, anakata miguu, akanipiga kifundo nikalia, na mama akanikanda kwa barafu huku akimuuliza kama huko chuoni wanasomea uhandisi au ubondia. Ule mchezo wake wa kugeuza uso sikuuona tena.

"Kaka, wewe hasa wacheza namba ngapi?" nilimuuliza.

"Yategemea wiki, Tumu."

"Wiki hii je?"

"Wiki hii mimi namba tano. Iliyopita nilikuwa kumi na moja."

Nilimpelekea rafiki yangu Nuru jibu hilo darasani kama nilivyolipokea. Nuru alikuwa mtoto wa Kizanzibari, tuliketi dawati moja, na alikuwa na akili ya hakimu. Alifikiri kidogo, akasema mtu hachezi namba zote, na kwamba anayecheza namba zote hachezi popote. Kama kaka yangu ni mchezaji kweli, niende na picha yake akiwa amevaa jezi ya timu. Nilipekua albamu nzima ya mama. Picha za chuo zilikuwa nne, na zote alikuwa kwenye kizibao cha rangi ya chungwa, hakina namba wala jina. Nililala nikijiuliza kama kaka yangu anaweza kuwa mwongo.

Basi timu yao ikaja Jeddah kucheza na chuo cha huku. Rama alitangulia siku mbili kwa ruhusa ya kocha, na safari hii alikuwa mtu mwingine tena. Juu ya paa alikuwa akikokota kidogo mguu wa kulia, akivuta soksi kila baada ya hatua chache, akipokea mpira kwa kunipa mgongo, kisha akigeukia kushoto, kushoto siku zote. Hata ngazi alizishuka akivuta soksi. Mama alimuuliza kama ana upele.

Siku ya mechi baba aliomba ruhusa kwa kafili wake, akatupakia kwenye gari lake la kazi pamoja na mitungi ya gesi na mabomba ya shaba. Miaka hiyo wanawake na wasichana hawakuwa wakiingia viwanjani, kwa hiyo baba aliegesha nyuma ya goli, kando ya uzio wa waya, akaingia yeye. Mimi na mama tulibaki garini na birika la chai, na kutoka dirishani niliona nusu moja tu ya uwanja.

Nilimtafuta kaka yangu kati ya kumi na moja, simwoni. Nikamtafuta kwenye benchi, simwoni. Mpira ukaanza, na mara mshambuliaji wa Jeddah, namba tisa, akaja upande wetu akikokota mguu wa kulia. Akavuta soksi. Akapokea mpira kwa kumpa beki mgongo.

"Mama! Rama yule!"

"Wapi?"

"Yule namba tisa! Atageukia kushoto!"

Akageukia kushoto. Beki wa Riyadh alikuwa ameshasimama hapo hapo, akamnyang'anya kwa urahisi, kama mama anavyomnyang'anya mtoto kisu. Ikawa hivyo kipindi kizima. Mama alinishika kidevu akakigeuza taratibu mpaka kwenye kona ya uwanja, nje kabisa ya mstari.

"Rama ni yule pale, mwanangu. Yule wa chungwa."

Alikuwa amesimama peke yake, mikono nyuma. Sikuelewa kitu. Kaka yangu alikuwa pale hachezi, na mchezo wake wote ulikuwa kule kwa adui. Timu ya Riyadh ilishinda bao moja kwa bila. Wachezaji walibebana, mabeki wakapigwa picha, na hakuna aliyekwenda pale kwenye kona.

Rama alikuja mpaka dirishani kwetu akicheka kwa furaha. Baba alisimama kando yake akichezea funguo, na hilo liliniumiza kuliko kama angegomba.

"Umecheza?" nikamuuliza Rama.

"Nimecheza wiki nzima, Tumu. Hujaona?"

"Mwongo wewe!"

Mama alinifinya. Rama hakukasirika; mama alishamsimulia habari ya Nuru na picha. Alivua kizibao akanipa dirishani, akasema, "Mpe Nuru hiki, mwambie ndiyo jezi yangu." Nilikitupa nje. Kikaanguka kwenye vumbi karibu na gurudumu. Aliinama akakiokota, akakikung'uta mara mbili, akakikunja vizuri kama nguo ya msikitini. "Halas, twendeni," baba akasema, na tukarudi nyumbani bila hata mmoja kuimaliza chai yake.

Kuanzia siku hiyo sikupanda naye tena juu ya paa. Aliponiita nilisema nina kazi ya shule.

Alichezeshwa mara moja tu katika miaka yote minne. Mechi ya mwisho ya mwaka wa mwisho, timu ikiwa inaongoza, Kocha Munir alimpa jezi ya kweli na dakika saba. Baba alipanda basi usiku kucha kwenda kumtazama. Rama alipigiwa pasi nzuri, nafasi iko wazi, akaukanyaga mpira akasimama. Akasimama tu. Watu wakapiga kelele, wengine wakacheka, mpaka akaja mtu akauchukua. Wiki iliyofuata Munir alimpa filimbi, akamfanya msaidizi wake. Baba alirudi Jeddah akamwambia mama kwamba mtoto alikwenda kutafuta jezi na amepewa filimbi, na kwa muda mrefu hiyo ndiyo ilikuwa habari ya mpira nyumbani kwetu. Mimi niliona Nuru alikuwa sahihi.

Sasa Rama anafundisha timu ya vijana hapa Riyadh, na watu humsifu kwamba humsoma mpinzani kabla hajashuka kwenye basi. Nilipokitoa kizibao begini nilimuuliza, kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini, kilikuwa cha kazi gani. Alishangaa kwamba sikujua. Kazi ya wavaa chungwa, alisema, ilikuwa kujigeuza timu inayokuja. Munir alimwonyesha kanda za wapinzani, na wiki nzima alicheza kama mtu mmoja wao, soksi na yote, ili wenzake wamzoee. Yule namba tisa wa Jeddah alikuwa amekabwa Riyadh siku tano kabla hajaingia uwanjani.

"Na zile dakika saba?"

Alikikunja kizibao, akakikunjua tena. "Niliukanyaga mpira nikangoja. Kila mguu ulionijia ulikuwa wa mtu mwingine. Nilisahau mimi nilikuwa nikicheza vipi, Tumu. Mpaka leo sijakumbuka."

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Nilimwita mwongo mtu aliyecheza kuliko wote, akajitoa kwa kazi hiyo mpaka akaisha. Alipoukanyaga mpira siku ile, watu walidhani ameogopa. Mimi peke yangu duniani ningejua kwamba ule ulikuwa mwanzo wa mchezo wake, na kwamba alisahau kinachofuata. Nami sikuwapo, na kama ningekuwapo ningekuwa nimenuna.

Nikamwambia tutoke. Uwanja wa timu yake uko vituo vitatu vya metro kutoka kwake, na siku hizi naingia kwa lango kama mtu yeyote. Nilivaa kile kizibao juu ya abaya yangu, nikachukua mpira kwenye neti, nikamwambia asimame mbele yangu anikabe.

"Nikukabe wewe na raba za ofisini?"

"Simama, kocha."

Nikaenda na mpira mpaka mbele yake. Nikaukanyaga kwa wayo. Nikageuza uso kule nyuma, upande wa lango, kama niliyeitwa na mtu.

Akageuka.

Mpira ulimpita katikati ya miguu ukaenda zake. Yeye alibaki ameangalia langoni, ambako hapakuwa na mtu, na hakugeuka upesi.

"Rudia," akasema.