Siku Niliyonyolewa Bila Doto

Nilipokuwa na miaka tisa, bibi yangu wa Goweko alitukataza kabisa, mimi na pacha wangu Doto, kunyolewa siku tofauti. Akinyolewa mmoja, alisema, yule aliyeachwa atadhurika.

Siku moja Doto aliamka na homa. Mama alimpa dawa, akaniambia nisibanduke, akaenda sokoni. Lakini shule ilikuwa inafunguliwa kesho yake, na mwalimu wetu hakuwa na mchezo na nywele. Doto aliposinzia, nikatoka mbio kwenda kwa Mzee Hamisi, kinyozi wa mtaani kwetu Mtendeni.

Alipofika katikati ya kichwa, akaniuliza, "Hivi wewe unaitwa nani, mwanangu?"

"Kulwa."

Akazima mashine; kwetu Kulwa ni jina la pacha wa kwanza, na wa pili huitwa Doto. "Na Doto yuko wapi?"

"Nyumbani. Anaumwa."

"Basi kichwa hiki simalizi. Kamlete mwenzio."

Nililia, nikamsihi, wapi! Wanaume waliokuwa wakisubiri zamu walicheka. Nikatoka na nusu kipara, watoto wakinizomea njia nzima. Niliapa kwamba Doto atakuja, hata kwa kumburuza.

Nilimkuta sakafuni, macho yamegeuka, mwili unachemka. Nilimwita, kimya. Nikamfunga mgongoni kwa khanga ya mama. Nilianguka mara mbili, magoti yakachubuka, nikainuka. Habari ya nywele ilikuwa imenitoka.

Mzee Hamisi alipotuona alimwacha mteja na povu kidevuni. Alimpakata Doto juu ya pikipiki ya mmoja wa wale walionicheka, wakakimbilia hospitali. Malaria ilikuwa imempanda kichwani. Daktari alimwambia mama kwamba kama tungengoja mpaka jioni, tungempoteza.

Bibi alipopata habari alisema tu, "Niliwaambia." Kwake, mimi ndiye niliyemponza Doto, na kwa miaka mingi nami niliamini hivyo.

Sasa mimi ni mama wa watoto watatu, na najua homa ilianza kabla ya mashine kugusa kichwa changu. Lakini pia najua kuwa kama Mzee Hamisi asingeuamini mwiko ule, angeninyoa akamaliza, nami ningebaki pale kusikiliza mabishano ya mpira mpaka jua lizame. Mwiko uliniachia hatia nisiyostahili, na ndio ulionirudisha nyumbani kwa wakati. Nimeacha kuuhukumu. Doto yu hai Nzega, na Jumapili iliyopita alinigombeza robo saa nzima kwa kutopokea simu. Nilimwacha aseme mpaka akachoka.