Harusi Isiyo na Msimamizi

Nilipoolewa, mwanzoni mwa miaka ya themanini, palikuwa na mwanamke mmoja aliyelipwa kusimamia harusi za watu wa Isiolo. Hakuwa wa mji wetu. Alitoka Nanyuki, ambako alikuwa amejifunza kazi hotelini, na mtu aliyemwita alijulikana mtaa mzima kuwa ana uwezo. Sisi hatukuwa na uwezo. Mama aliuza maziwa sokoni, mimi nilifundisha darasa la pili, na baba alikuwa amefariki nikiwa bado msichana mdogo. Hata hivyo mwanamke huyo aliletwa kwetu, mtaa wa Bulla Pesa, akapima kiwanja chetu kwa utepe wa fundi cherehani. Mpaka leo nikikumbuka utepe ule ukiburutwa mbele ya mafiga ya mama, damu inanichemka.

Aliyemleta ni adeer, kaka mkubwa wa baba. Kwa sisi Wasomali adeer ni baba wa pili, na kwa kuwa sikuwa na kaka wala babu aliye hai, yeye ndiye aliyekuwa walii wangu, mtu wa kunioza. Bila neno lake hakuna ndoa. Alikuwa na malori ya kubeba ng'ombe kwenda Nairobi, na sauti ya kuyashinda malori yenyewe. Mwaka uliotangulia alimwoza binti yake kwa usimamizi wa mwanamke huyohuyo, kwa viti vya kukodi, keki ya ghorofa na kadi za mwaliko zilizopigwa chapa. Mji ulizungumzia ile keki hadi mvua zikanyesha. Sasa alitaka harusi yangu, japo ndogo, isimwangushe.

"Nitamlipa mimi," alimwambia mama. "Wewe kaa tu. Hii mtoto ni ya ndugu yangu. Sitaki watu waseme tumemtoa kama mbuzi ya mnada."

Mama alimshukuru. Tangu baba afe tuliishi katika nyumba ya adeer bila kodi, kwa hiyo mama alimshukuru kwa kila kitu, hata kwa vitu asivyovitaka. Nilikuwa naichukia ile shukrani yake kuliko njaa.

Yule mwanamke aliketi, akanywa chai, akazungumza vizuri. Simsingizii, alijua kazi yake. Alisema harusi ya pesa kidogo huokolewa kwa kupunguza watu, kwa hiyo kadi zingetolewa chache na asiye na kadi angerudishwa mlangoni. Wapishi wangetoka Meru na vyombo vyao, ili akina mama wa mtaa wapumzike. Nyirinyiri, ile nyama yetu iliyokaushwa na kuhifadhiwa kwa samli, ingewekwa kidogokidogo kwenye visahani, maana wageni wengine hawapendi harufu yake. Mama angepewa kiti cha mbele na waridi la plastiki kifuani, naye asiinuke mpaka keki ikatwe.

"Na nani atakaribisha watu?" mama akauliza.

"Mimi, mama. Hiyo ndiyo kazi yangu."

Nilimtazama mama. Alikuwa amekunja mikono mapajani na kutabasamu, kama mtu aliyeambiwa habari ya msiba akiwa mbele za wageni.

Katika mtaa wetu harusi haikuwa na msimamizi kwa sababu kila mwanamke alijua mahali pake. Huyu wa kuni, huyu wa kuchagua mchele, yule wa kuwakemea watoto. Kila mmoja alileta sufuria yake, amefunga uzi wa rangi yake kwenye mkono wa sufuria ili baadaye wasigombane. Mama yangu alikuwa wa pilau. Sijui ni mabinti wangapi wa Bulla Pesa walioolewa huku yeye akilia kwa moshi nyuma ya nyumba, na kila mara alirudi amechoka, amefurahi, ananuka bizari. Zamu yake ilikuwa imefika ya kuona moshi huo kwake. Kuwaambia wale wanawake wapumzike ni kuwaambia mikono yao haitakiwi tena, na yeye kuketi na waridi kifuani ni kuwaambia kwamba amepanda cheo.

Tena kulikuwa na hizo kadi. Mchumba wangu alikuwa bwana mifugo, Mborana wa Kinna, na watu wa Kinna hawaji harusini kwa kualikwa. Wanakuja kwa sababu wamesikia. Bibi yake hakujua kusoma hata jina lake. Ni nani angesimama mlangoni amwulize kadi mwanamke mzee aliyefunga safari na kibuyu cha maziwa?

"Mimi simtaki," nikasema.

Kikombe cha mgeni kilisimama njiani. Adeer alinigeukia polepole.

"Humtaki nani?"

"Msimamizi. Mama yangu yuko na mikono. Majirani wako. Hii pesa yake inunue mbuzi."

"Wewe ni bibi harusi. Bibi harusi hana mdomo."

"Mimi ni mwalimu, adeer. Nalipwa kwa mdomo."

Najua, halikuwa jibu la binti mwenye adabu. Mwanamke wa Nanyuki alikunja utepe wake taratibu, na nadhani nilimwona akizuia kicheko. Adeer hakucheka. Alisimama, akavaa viatu, akasema maneno ambayo mtaa mzima uliyajua kabla ya magharibi: kama sitaki harusi ya heshima, basi nitafute walii mwingine.

Kesho yake nilitoka shuleni na vumbi la chaki mikononi, nikaenda moja kwa moja kwa kadhi. Alinisikiliza hadi mwisho. Aliniuliza kama adeer ana neno juu ya kijana mwenyewe, dini yake au tabia yake. Nikamwambia hana, neno lake ni juu ya viti na keki. Akasema walii hana haki ya kumzuia binti kwa sababu ya namna hiyo, na kama angeendelea kukataa, nije na mashahidi, yeye mwenyewe angenioza.

Nilirudi nyumbani nikiruka. Mama alikuwa anafukiza vibuyu vya maziwa. Nilipomaliza kumweleza alilia, na hakulia kwa furaha.

"Uozwe na kadhi, na adeer yako yuko hapo anatembea? Watu watasema baba yako hakuacha mtu duniani."

Sheria ilikuwa upande wangu, lakini atakayeibeba aibu ni yeye, kila asubuhi pale sokoni, mbele ya kila mnunuzi.

"Tumchukue tu huyo mama," akasema. "Ni siku moja. Nitaketi."

"Hooyo," nikamwambia, maana nikiwa na hasira namwita mama kwa Kisomali, "ukiketi kwenye hicho kiti, mimi siolewi. Nitafundisha darasa la pili mpaka nizeeke."

Mama alimaliza kibuyu kimoja, akachukua kingine, akakigeuzageuza juu ya moshi. Kisha akajifunga leso kichwani, akatoka, nami nikamfuata kwa mbali mpaka langoni kwa adeer. Hakuingia ndani. Alisimama palepale nje, wapita njia wakisikia, akasema: "Salaam aleikum, shemeji. Harusi ni Ijumaa. Tutapika wenyewe. Ukija kumwoza mtoto, karibu. Usipokuja, kadhi yuko." Akageuka. Sijawahi kumpenda mtu kama nilivyompenda mama yangu jioni ile.

Wiki ile malori ya adeer yalipita karibu na kwetu bila kupiga honi, na kwa desturi yalipiga. Tulingoja kuambiwa tuhame. Hatukuambiwa.

Alhamisi, akina mama wakiwa tayari wamejaa nyuma ya nyumba, aliingia mke wa adeer kwa miguu, sufuria kichwani. Akaitua chini, akakunja mikono ya dera lake.

"Huko kwa msichana yangu niliketi kwa kiti mpaka miguu ikafura," akasema. "Nikauliza kama chumvi imetosha, nikaambiwa, mama, tulia. Mtoto nimezaa mimi! Wapi vitunguu?"

"Bwana anajua uko hapa?" mama akamwuliza.

"Asiponikuta nyumbani atajua."

Vicheko vilipasuka, na kazi ikaendelea.

Ijumaa mambo hayakwenda kama saa. Watu wa Kinna walishuka kwenye lori wengi kuliko tulivyodhani, na bibi yake mchumba wangu akaanza kuimba kabla hajafika mlangoni. Maji yaliisha, pilau ya chini ikaungua, wanaume wengine walikula wamesimama, na redio kaseti ilimeza kanda mbili. Mwanamke wa Nanyuki angezimia. Hakuna aliyerudishwa mlangoni.

Swala ya Ijumaa ilipomalizika, wanaume waliketi na shehe mkekani, wakingoja. Mimi nilikuwa chumbani nimefunikwa shela, nahesabu nyayo zinazopita nje. Kama walii asingeonekana, wangemwita kadhi. Mama aliacha mwiko, akaja kusimama karibu yangu.

Adeer alikuja. Alivaa kanzu nyeupe, mashahidi wawili nyuma yake, akasimama kizingitini. Ndiyo desturi: walii hawezi kumwoza binti kabla ya kuja mwenyewe kumwomba idhini mbele ya mashahidi. Wanawake walikuwa wameshanifundisha niiname tu, ninyamaze, kwa kuwa kimya cha mwanamwali ni kukubali.

"Binti ya ndugu yangu," akasema, na sauti yake ile kubwa ilikuwa ndogo. "Unanipa ruhusa nikuoze?"

Nilinyamaza. Shahidi mmoja akasema, "Amekubali, twende," na adeer akaanza kugeuka.

"Sijakubali bado," nikasema. "Nafikiria."

Mama alinibana bega, lakini hakunibana kwa nguvu. Wiki nzima nyumba yetu ilikuwa ikingoja ruhusa ya mtu huyu, na sasa yeye ndiye aliyesimama mlangoni, kofia imelowa jasho, akingoja yangu. Nilifunua shela nimwone vizuri. Aliinamisha macho, akangoja.

Kisha nikasema kwa sauti ya darasani, isikike mpaka jikoni: "Ruhusa nimekupa, adeer. Nenda ukanioze."

Akaenda, na mashahidi wakamfuata.